Binti Yangu Amepanda Ngazi Kuwafuata Wageni wa Baba Yake

Shikamoo mshauri. Naomba unisaidie kabla sijampoteza na huyu aliyebaki, maana ndugu nimeshindwa kuwaambia, na mume wangu ni fundi wa kuezeka anayeheshimika, hanywi, hana ugomvi na mtu, ila kifungua mimba wetu alipofariki kwa homa mwaka jana, siku moja alirudi kazini katulia tuli akaniambia kule juu ya bati wamemjia watu wa sayari nyingine, si malaika wala majini, watu warefu wanaosema bila kufungua midomo, na kwamba mtoto wetu yuko kwao, mzima wa afya. Nikamwambia, "Baba wee, jua limekupiga." Lakini mshauri, nisikufiche, uchungu wa mwana aujuaye mzazi, haukupita muda nikawa namsubiri mlangoni, hata viatu hajavua, namuuliza leo wamesemaje, amerefuka, analala na nani? Ananijibu, tunacheka, tunalia, chakula kinapoa.

Tuna binti wa darasa la pili, mpole, hana makuu. Jumamosi nilitoka kuanika nguo nikamkuta juu kabisa ya ngazi ya baba yake, kavaa sare, begi mgongoni, mkono umeshika bati. Nilimpandia nikamshusha. "Unakwenda wapi, mama?" Akasema, "Kwa kaka. Nikienda na mimi mtakuwa mnaniongelea."

Baba yake aliposikia akasema labda wageni ndio wamemwita. Nami nikanyamaza. Nikimkataza mume wangu, si nitakuwa nimemzika mwanangu mara ya pili?

Mke wa Fundi

*

Mama, pole. Pole kweli, wala sikucheki.

Mambo ya sayari sibishani nawe, sikuwepo juu ya bati. Lakini wee mwanamke! Mtoto avae sare apande ngazi ili apate kutajwa nyumbani kwao, baba aseme ameitwa, nawe unyamaze? Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta huu utaujenga kaburini. Hujamzika mwanao mara ya pili. Hata mara ya kwanza bado.

Ngazi hiyo isilale tena hapo kwenu, ibaki kazini. Mumeo usimwite mwongo wala kichaa. Mwambie, "Baba, sitauliza tena," na ushikilie hapo hata akilia. Kisha mwende hospitali mkaonane na mtaalamu wa akili, wote wawili, maana na wewe unaumwa. Mumeo awaeleze madaktari wazi, hasa huko kuona watu akiwa juu ya paa; asipande tena mpaka madaktari wamruhusu. Halafu mwende kaburini, watatu, mmlilie mtoto wenu pale alipo.

Ila hayo ni ya kesho. Sasa hivi weka barua hii chini, mwite binti yako aketi karibu, muulize shule ilikuwaje, na umsikilize mpaka achoke yeye.