Sufuria Iliyofungwa Blanketi

Jumamosi, Septemba 2006, jioni.

Upepo umevuma tangu asubuhi, ule wa mwisho wa baridi, unaobeba vumbi la njano kutoka vilima vya mchanga wa migodini na kulimwaga kwenye nguo nilizoanika. Nimefua mara mbili. Moyo wangu leo nashindwa kuupa jina, kwa hiyo nitaandika tu mambo yalivyokwenda, na nyinyi wachache mnaopita kwenye blogu hii mtanivumilia.

Kwanza niseme ukweli: mimi ni mtu wa kushuku. Nikipewa mkono wa salamu, naangalia mkono wa pili umeshika nini. Mama yangu kule Morogoro alikuwa akisema nilizaliwa jicho moja nimelikunja.

Kwa hiyo Mama Furaha aliponiletea tiketi ya bure, niliigeuza mbele na nyuma. Mama Furaha ni Mkongo wa Bukavu, anasuka nywele Jules Street, hapa Malvern, Johannesburg, hatua chache kutoka kwetu. Mteja wake alimwachia tiketi mbili za matembezi ya kuongozwa katikati ya mji: historia na chakula cha Wachina waliotoka kisiwa cha Hainani. Septemba hapa ni mwezi wa urithi, kila mwenye miguu anatembeza watu. Wahenga walisema rahisi ghali; sasa cha bure je? Nilikwenda kwa sababu moja tu, nayo si ya kujivunia. Sikutaka kushinda nyumba moja na mama mkwe wangu wakati begi lake limekaa mlangoni.

Hapo lazima nieleze.

Mume wangu, Mandla, nilimpata Morogoro alipokuwa mkimbizi wa siasa za huku Afrika Kusini. Mwaka 1994 nchi yao ilipofunguka alirudi, nami nikaja naye. Mama yake alitupokea kwake Alexandra, mtaa wa Waafrika pembeni ya mji, akatuandalia kuku. Nilipovunja paja niliona wekundu kwenye mfupa. Nyama ilikuwa imepoa, ngozi inateleza. Nikajisemea, huyu ameshanionyesha mahali pangu. Kwetu mgeni unayemheshimu humpi kuku mbichi.

Tangu siku hiyo, kila alipopika kuku, nilibeba sufuria nikairudisha motoni. Mbele yake.

Miaka kumi na miwili.

Mwaka jana miguu ilianza kumsumbua, tukamleta akae nasi, na ndipo nilipoona anavyopika. Anachemsha maji. Anamtumbukiza kuku mzima, anamtoa, anamtumbukiza tena, mara tatu. Kuku akishakaa humo dakika chache, anazima jiko. Anafunika, anaifunga sufuria blanketi la kijivu, anaisukuma chini ya meza, kisha anakwenda kukaa uani juani na kuimba nyimbo za kanisa kwa zaidi ya saa nzima.

Nyinyi mngefikiri nini? Mimi nilifikiri yote. Kwanza nilidhani ni ubahili wa umeme. Halafu nikasema ni uvivu. Halafu, nakiri, nikasema ni dawa. Siku moja akiwa uani nilifungua blanketi nikachungulia kama kuna kitu kimetiwa humo. Hakukuwa na kitu ila kuku na tangawizi. Hata tangawizi niliishuku.

Jumanne hii binti yetu Neema, miaka tisa, alitapika shuleni mpaka wakaniita. Usiku wa kuamkia siku hiyo alikuwa amekula kuku wa bibi yake kabla mimi sijamrudisha motoni. Nilimwambia Mandla, mama yako atatuulia mtoto. Akashika kichwa.

"Eish, Mama Neema, kuku huyo huyo mimi nimekula na Ma amekula. Mbona tuko sharp, wazima kabisa?"

Sikumsikiliza. Nililia, nikasusa, nikalichukua lile blanketi nikalitupa kwenye pipa la takataka nje. Mwishowe Mandla alikubali. Kesho baada ya kanisa wifi yangu Thandi anakuja kutoka Rosettenville, tunakaa kikao, na mama anarudi Alexandra kwenye chumba chake cha bati nyuma ya nyumba ya watu. Peke yake, na miguu ile.

Hakuna aliyemwambia neno. Lakini Alhamisi mama mkwe aliliokota blanketi pipani, akalifua, akaliweka kwenye begi pamoja na nguo zake, akafunga zipu.

Kuna jambo jingine la Alhamisi hiyo hiyo. Nitalifikia. Najua nalikwepa.

Basi asubuhi tulikutana Commissioner Street, upande wa magharibi kwenye maduka ya zamani ya Wachina, watu tisa na kiongozi wetu. Anaitwa Bi Foo, mwalimu mstaafu, mfupi, kofia ya jua na raba nyeupe, anatembea kama mtu anayewahi kengele. Kabla ya kutembea alitupitisha kwenye jiko la nyuma ya duka lililokuwa la babu yake. Sufuria kubwa ilikuwa inachemka. Akamshika kuku shingoni, akamtumbukiza, akamtoa, akamtumbukiza, mara tatu. Akatusimulia mambo ya tangawizi huku kuku anachemka. Kisha akazima gesi.

"Sasa tunatembea," alisema. "Tukirudi, kuku ameiva."

Akachukua mablanketi mawili, akaifunga ile sufuria, akaisukuma chini ya meza.

Nilihisi mtu ameniita jina. Na naona aibu kuandika wazo la kwanza lililonijia. Nilijisemea: kumbe wako wengi!

Tulitembea. Bi Foo alitueleza kwamba Wachina wengi wa hapa asili yao ni kwingine, wa Hainani walikuwa wachache. Watu wa kisiwa chao walitoka nyumbani wakiwa wamechelewa, kazi nzuri zimeshashikwa na wenzao, wakabakiwa na majiko ya meli na majiko ya Waingereza. Babu yake alikuwa mpishi wa meli. Alishuka Durban, akapanda treni mpaka huku kwenye dhahabu, akafungua mkahawa. Akatuonyesha ukuta na kusema hapa palikuwa na dirisha ambalo Waafrika waliuziwa chakula kwa nje, kwa sababu sheria za wakati ule hazikutaka wakae ndani. Wenzangu walitikisa vichwa na kupiga picha. Mimi niliuangalia ukuta. Hakuna hata alama ya dirisha. Nikajiuliza, mtu akitaka kutuuzia hadithi si angefanya hivi hivi?

Lakini mawazo yangu yalikuwa chini ya ile meza. Tulipokuwa tumesimama kwenye robot, ndivyo huku wanavyoziita taa za barabarani, karibu na kituo kikubwa cha polisi, tukingoja taa igeuke, nilimsogelea Bi Foo nikamwuliza kwa nini blanketi.

Alicheka. Akasema kisiwani kwao hawafungi blanketi. Wanazima moto, wanafunika, joto la maji linammaliza kuku taratibu na nyama inabaki laini. Lakini Johannesburg iko juu sana. Huku maji yanachemka kabla hayajawa ya moto sawasawa, na hewa ni ya baridi. Babu yake alipopika kuku wa kwanza hapa alitoka mbichi, wateja wakamrudishia sahani. Akajaribu hivi na vile, mpaka akaongeza dakika za motoni na kuifunga sufuria kwa blanketi la kitanda chake.

"Ni mtindo wa jiko letu," alisema. "Sijauona kwingine, labda kwa waliojifunza kwetu."

Nikamwuliza ni akina nani waliojifunza. Taa ilishageuka, wenzetu wanavuka, yeye akabaki amesimama.

"Wanawake wa jikoni. Walikuja kila siku kwa basi kutoka Alexandra. Babu alizeeka, wao ndio waliokuwa wakipika. Nina picha za babu, za duka, hata za paka. Wao hatukuwapiga picha, na majina yao hatukuyaandika. Ni kosa letu."

Mtu wa kushuku huwa hasemi mpaka awe na uhakika, na uhakika wangu ulikuwa umekaa Malvern na miguu iliyovimba. Mama mkwe aliwahi kutuambia kwamba ujanani alifanya kazi jikoni, mjini. Nilijijibu mwenyewe kuwa ni majiko ya Wazungu, nikaishia hapo. Kumwuliza ningepungukiwa nini?

Tuliporudi, Bi Foo alifungua blanketi la kwanza, la pili, kifuniko. Mvuke bado ulikuwepo. Akamtoa kuku, akamzamisha kwenye beseni la maji ya barafu, akamkatakata kwa kisu kipana, akapanga vipande juu ya wali uliokaangwa kwa mafuta ya kuku kisha ukapikwa kwa supu yake. Pembeni aliweka tangawizi na pilipili zilizotwangwa. Sahani yangu ilipofika, niliangalia mfupa wa paja. Wekundu ule ule.

Mama Furaha alikuwa ameshafika katikati ya sahani yake.

"Mama Neema, weye uko na mashaka sana! Kuku iko bien. Kula tu!"

Bi Foo akanisikia nikinong'ona kwamba huyu ana damu. Hakukasirika. Akachukua kipande changu, akaibonyeza nyama kwa uma, maji yakatoka meupe kabisa. Akasema ule wekundu ni uboho wa kuku mchanga, unatoka ndani ya mfupa, nyama imeiva.

Nikala.

Sijui niseme nini kuhusu ladha ile. Ilikuwa kuku, basi, kuku mwenyewe, laini, mtamu, bila kufichwa na kitu. Niliwaza vile ambavyo miaka kumi na miwili nimekuwa nikiirudisha nyama ya namna hii motoni mpaka inakuwa kamba, na mama yule akiniangalia kimya, kisha anaketi na kula kamba zangu pamoja na sisi. Machozi yalinitoka mezani mbele ya watu wenye kamera. Nikasingizia pilipili.

Sasa nimefika kwenye Alhamisi.

Alhamisi jioni nilikuwa namchana Neema nywele, akaniambia kwa Kiingereza chake cha haraka kwamba Jumanne wakati wa mapumziko yeye na rafiki zake walinunua polony, ile soseji nene ya kukatwa vipande, kwenye spaza, kiduka cha mtaani, iliyo karibu na shule, nayo ilikuwa inanuka, na rafiki zake wawili walitapika pia. Nilisikia vizuri. Nikaendelea kumchana. Sikumwambia Mandla, wala Thandi, wala bibi yake aliyekuwa chumba cha pili akifunga zipu ya begi.

Kwa nini? Kwa sababu kuku alinifaa zaidi. Nilitaka jiko langu. Nilimshuku mama wa watu kwa kila kitu, na siku ushahidi ulipokuja kumsafisha, niliukalia. Nimeliandika, halifutiki tena.

Nilirudi nyumbani saa nane nikiwa nimenunua kuku na kipande cha tangawizi. Mama mkwe alikuwa amekaa sebuleni, begi miguuni. Nilichemsha maji. Nikamtumbukiza kuku, nikamtoa, mara tatu, nikaunguza vidole. Baadaye nikazima jiko. Blanketi sikuwa nalo, mnajua lilipo, kwa hiyo niliifunga sufuria kwa khanga zangu mbili na sweta la Mandla, nikaisukuma chini ya meza na kukaa chini karibu nayo, nikiwa nimechanganyikiwa.

Nikasikia fimbo yake ikija. Aliingia mpaka mezani. Kisha akainama kwa shida, akaweka kiganja juu ya sweta.

"Itapoa hiyo, makoti," alisema kwa Kizulu. Makoti ndivyo wanavyomwita mke wa mtoto wao. "Dakika ngapi motoni?"

Nikamwambia. Akaguna.

"Ongeza kumi. Huku si baharini. Mchina alikuwa anasema hivyo kila siku ya Mungu."

"Mchina gani, Ma?"

"Wa Commissioner. Miaka sita nimempikia."

Nilimwambia kwa Kizulu changu kibovu, ngiyaxolisa, Ma. Nisamehe. Nikamwambia na habari ya polony. Nilitamani anitukane.

"Kwa nini hukuniambia?" nikamwuliza. "Miaka yote hii?"

"Ulikuwa unarudisha kuku wangu motoni," alisema. "Hukuniuliza."

Alisema hivyo tu, bila kupaza sauti. Tukairudisha sufuria motoni kwa dakika zake kumi, tukiwa tumesimama bega kwa bega. Halafu akaenda sebuleni. Nilisikia zipu. Akarudi na blanketi la kijivu likinuka sabuni, akalikunja mara mbili, akaifunga sufuria mwenyewe na kunionyesha fundo linavyokaa. Akaisukuma chini ya meza kwa fimbo, akatoka kwenda kukaa uani.

Begi limebaki wazi sebuleni. Nguo zimo bado, na kesho Thandi anakuja. Nimeamua nitazungumza mimi wa kwanza, kabla ya chai, na nitaanza na polony. Mandla atakasirika na ana haki. Mama akitaka kuondoka hata hivyo, hiyo nayo ni haki yake, na mimi ndiye nitakayebeba begi.

Sasa hivi naandika nikiwa nimekaa meza hiyo hiyo, miguu yangu inagusa blanketi. Lina joto. Ma yuko nje anaimba, na ameniambia nisifunue mpaka aingie. Mkono unaniwasha. Nataka kuangalia mara moja tu, kifuniko kidogo, kama ameiva.

Sifunui.