Imeingia

Kwa Kaka yangu mpendwa,

Salamu nyingi zikufikie huko uliko, zikukute umeshiba, na kama ni majira ya baridi basi zikukute umevaa vizito. Sisi huku ni wazima, kwa maana ya mimi na pasi zangu mbili. Kifua kilinisumbua kidogo lakini kimetulia. Hali yako ndiyo siijui, ndiyo maana nimetafuta karatasi na bahasha. Muuza duka wa jirani alinicheka nilipoziulizia, akataka kujua kama nafungua makumbusho.

Kazi ya udobi inaendelea. Mashati ya maofisini bado yanakuja kila Jumatatu, na yule mwalimu bado analeta suruali ile ile akitaka mkunjo wa kukatia mkate. Kilichobadilika ni malipo. Noti nazishika kwa nadra siku hizi, hata nikiiona moja nashtuka. Wateja wa ghorofani wanagusisha kadi kwenye mashine na kuondoka bila kunitazama. Wengine wote ni simu. Sikatai, kuna nafuu yake: sihangaiki na chenji, na mwizi akija atafungua droo mpaka anionee huruma. Lakini unakumbuka Mama alivyokuwa akilalamika, kwamba noti ina mkono wa mtu, kadi ina kiburi, na simu ina mdomo tu.

Huo mdomo sikuwahi kukueleza vizuri. Wajanja walipoanza kumwonyesha Mama ujumbe wa uongo kwamba wamelipa, na macho yake ndiyo yale, Fundi Nyaya alituletea kisanduku kinachotangaza kila malipo yanapofika. Kilikuja na sauti ya msichana anayeongelea puani. Mama akauliza huyo ni binti wa nani anayemtangazia biashara yake. Ikabidi Fundi amrekodi Mama mwenyewe, neno moja tu, lile alilokuwa akilisema akitumbukiza sarafu kwenye kopo: "Imeingia." Wateja walifurahi mno. Wengine walilipa nusu nusu makusudi ili wamsikie mara mbili.

Siku ya msiba wake, Kaka, mchango wako ulifika watu wamejaa dukani na jeneza liko chumba cha nyuma. Hakuna aliyekumbuka kuzima kisanduku. Mama akasema "Imeingia," mchangamfu vile vile, na Shangazi akaanguka na kikombe chake. Sikukuambia kwa sababu najua ulivyoumia kushindwa kuja. Fundi alitaka kuifuta ile sauti, nikamwambia akithubutu nitampiga pasi mgongoni. Laini niliihamishia kwenye jina langu, sauti nikaibakiza. Sina kingine cha Mama kinachonisemesha.

Tangu hapo kila mwisho wa mwezi pesa yako inafika, Mama anaitangaza, nami nasema asante. Nilijipa moyo kwamba mtu anayetuma pesa ni mzima. Zamani ulipokuwa ukimpa msafiri bahasha, pesa ilikuja na habari: umenenepa, umehama chumba, umeanza kukohoa. Hata noti zenyewe zilinuka sigara ulizoapa kuwa umeacha. Sasa inakuja peke yake. Simu yako ilikuwa ikiita mpaka inakatika, na siku hizi haiiti kabisa.

Nilimlalamikia mteja mmoja anayefanya kazi benki, alipokuja kuchukua suti yake. Akanieleza kwamba mtu akishapanga malipo yajitume yenyewe kila mwezi, hana haja ya kugusa kitu tena. Akacheka, akasema mtumaji anaweza hata kufa, pesa ikaendelea kutoka mpaka akaunti ikauke. Kwake ulikuwa utani. Nilimfungia suti nikasahau kumpa hanga.

Mchana wa siku hiyo hiyo, jua linawaka na duka halina mtu, kisanduku kikasema: "Ameingia."

Herufi moja tu, Kaka. Nilidhani ni masikio yangu. Pesa ikifika, imeingia. Ameingia ni mtu. Ndivyo Mama alivyokuwa akisema mlango ukilia unaporudi kutoka shule, kabla hata hajakuona: ameingia, mwekee chakula. Nikatazama mlango, umefungwa. Nikatazama simu, hakuna malipo yoyote. Fundi alikuja akakifungua, akasikiliza kilichomo, akaniambia ndani mna neno moja tu na silo hilo. Hajamaliza kusema, kikalirudia mikononi mwake. Aliondoka bila kudai ujira, na bisibisi yake bado iko hapa mezani.

Sasa nikuambie jambo ambalo hata Shangazi sijamwambia. Lile koti lako la kijivu, uliloliacha ukisema utalikuta, bado limetundikwa mwisho kabisa wa nguo za wateja. Mama alilifua kila mwaka, nami nimeendelea. Siku ile nililigusa. Mabega yalikuwa yameloa maji ya baridi, ya mvua, na huku kwetu hata wingu hatujaliona muda mrefu. Nililianika, nikalipiga pasi. Kila kisanduku kinaposema lile neno, nalikuta limeloa tena. Mimi ni dobi, Kaka, najua koti lililotundikwa na koti lililovuliwa sasa hivi. Kola yake ina joto la shingo. Naogopa sana. Na ninachokionea aibu ni kwamba nikishaogopa, huwa nafurahi.

Kwa hiyo nakuomba kitu kimoja: usinitumie pesa. Yazime hayo malipo kwa mkono wako mwenyewe. Mwezi ukiisha kisanduku kikanyamaza, nitajua kuna mtu aliyeyazima, na nitapiga vigelegele mpaka majirani waje. Au ikunje noti moja, ndogo tu, umpe msafiri yeyote aniletee na maneno mawili kutoka kwako. Njaa nitaivumilia. Kutokujua ndiko kunakonimaliza.

Nilikuwa nimefika hapo na kuanza kuandika anwani yako juu ya bahasha, kisanduku kikasema tena. Safari hii ni sauti ya Mama na nyingine nzito chini yake, ina kikohozi kidogo. Wamesema pamoja: "Tumeingia."

Basi posta siendi tena. Barua hii naitia mfuko wa ndani wa koti lako. Mama hajawahi kufua nguo bila kupekua mifuko, kwa hiyo itakufikia. Mpe salamu zangu, mwambie duka ni safi na pasi zote nimezichomoa.

Chakula nimewawekea.

Mdogo wako wa tumbo moja,
Pasi Moto