Jua la Roshani ya Bibi Hakumaya

Jumapili, 10 Mangsir, mwezi wa baridi
Plagini ya picha, kile kiongezo cha programu yangu ya kuchorea nyumba, imekubali kuingia! Asubuhi nzima nimehangaika nayo, mchana ndipo ikatoa picha ya kwanza ya nyumba tunayomchorea Bibi Hakumaya. Matofali mekundu, madirisha ya mbao. Naitazama kama niliyelala macho wazi. Ile ya zamani iliangushwa na tetemeko. Katika hii mpya bibi anataka kitu kimoja tu — roshani yenye jua la asubuhi, anyooshe miguu na kumenya chenza, kama alivyokuwa akikaa na marehemu mumewe.

Ila kompyuta imelemewa, inanguruma na kuchemka. Kaka Purna, bosi wangu, kapita: hiyo inatengeneza picha au inachemsha maharage? Ofisi nzima ikacheka. Nikanuna.

Jumatatu, 11
Nimeipunguzia mzigo. Majani ya miti — nje. Nyumba za majirani kwenye mchoro — nimezificha zote. Picha ikaja kabla chai haijapoa. Na jua lenyewe! Limemwagika roshani nzima. Natamani niingie humo nisinzie.

Bibi alikuja kuiona. Akagusa kioo cha kompyuta, akasema mbona pana joto. Joto la mashine tu. Akaniwekea mkono kichwani: mwanangu, umenirudishia asubuhi zangu. Akalia. Nami nikalia.

Jumanne, 12
Kuhani ametoa saa ya heri: kesho asubuhi, tambiko la msingi.

Leo nimepitia kiwanjani. Mtaa mzima uko juu ya mapaa unaota jua. Kwa bibi — kivuli, baridi ya kuuma. Nikainua macho. Ghorofa tano za jirani, upande wa mashariki. Zilezile nilizozificha! Ole wangu.

Nimerudi mbio ofisini, nimezirejesha kwenye picha. Roshani yote imezama kivulini hadi adhuhuri. Kuihamishia nyuma, jua linakofika, inawezekana, ila leo tu. Msingi ukishachimbwa, basi. Kaka Purna hataki kusikia: bibi keshafurahi, saa ya kuhani haibadilishwi, funika kombe mwanaharamu apite.

Na bibi huyu hapa! Kaja na kikapu cha chenza, anataka kuliona jua lake mara moja zaidi kabla ya kesho. Kaka Purna ananikonyeza — zifiche! Nimemwambia ngoja kidogo bibi, mashine bado inachemka. Uongo. Picha iko tayari, kivuli na vyote. Najifanya naandika ya kazi. Yeye kanyoosha miguu kando yangu, ananipa nusu ya chenza. Tamu.

Anauliza, limeshachomoza?

Nakigeuza kioo upande wake, ghorofa tano zikiwa palepale —