Mkono Wangu Unachelewa na Mama Mkwe Ananifunga Kila Jioni

Mshauri wetu mpendwa, naomba unisaidie, na ukitaka kucheka tafadhali subiri ufike mwisho wa barua, kwa sababu hata mimi mwanzoni nilicheka na sasa sicheki tena. Mimi ni kinyozi, kazi niliyorithi kwa marehemu baba, nina mke ambaye ni muuguzi, tunaelewana vizuri, na tangu tuoane starehe yetu imekuwa moja tu, gemu ya mpira, ile ya kushika pedi na kubonyeza, ambayo tulikuwa tukiicheza kwenye televisheni yetu ya zamani ya chogo, ile nene yenye mgongo nyuma, na bila kujisifu, mtaani kwetu hapakuwa na mtu wa kunifunga, hata vijana wa kibanda cha gemu walikuwa wananiamkia kwa heshima ambayo baba zao hawaipati.

Basi ile ya chogo ikatoa moshi kidogo ikafa, tukanunua mpya, pana, nyembamba, ya kutundika ukutani, na wiki hiyo hiyo mama mkwe akaja kukaa kwetu kwa kuwa alikuwa amevunjika mguu na mke wangu alitaka awe karibu amwangalie, na mke wangu akageuza maandishi yote ya televisheni yawe ya Kiswahili ili mama aweze kubadilisha stesheni mwenyewe tukiwa kazini, nami kwa upande wangu nikaingia kwenye sehemu ya picha kutafuta hali inayofaa gemu, nikakuta Kawaida, Sinema, Mchezo na Michezo, nikachagua Michezo, maana kwa nini mtu achukue mmoja wakati mingi ipo bure, tena sisi tunacheza mpira. Picha ikawa nzuri ajabu, majani ya uwanjani unayaona kama yamemwagiliwa asubuhi ile.

Siku moja mama mkwe, ambaye alikuwa anakaa tu na kutazama, mguu wake juu ya kigoda, akauliza, "Hicho mnachobonyezabonyeza kinafanya nini?" Mke wangu badala ya kujibu akampa pedi. Mshauri, unaijua heshima ya mkwe. Nilikaa naye kochi moja nikajisogeza pembeni mpaka nusu yangu ikawa hewani, nikamwachia anifunge bao la kwanza kwa adabu. La pili sikumwachia. La tatu lilinikuta nimesimama. Siku zilivyokwenda akazidi kuwa hodari, na sasa ananifunga kila jioni, kikombe cha chai pembeni, halafu ananiambia kwa upole unaouma kuliko tusi, "Baba, mbona unachelewa? Mpira umeshapita."

Na ni kweli nachelewa, hilo ndilo linaloniua. Nabonyeza kupiga, mchezaji wangu anasimama kama mtu aliyesahau alichofuata sokoni, ndipo anapiga, na wakati huo beki wa mama mkwe ameshaondoka na mpira, na kipa wangu ndiyo usiseme, anaruka wakati wenzake wanarudi katikati kuanza upya. Nikabadilisha pedi, nikabadilisha betri, nikabadilisha kiti, nikamwomba mama tubadilishane upande wa kochi, na bado.

Ndipo nikaanza kufikiria mikono yangu. Baba yangu, Mungu amrehemu, mikono yake ilianza hivi hivi, kuchelewa kabla ya kutetemeka, kikombe kikawa kinagonga kisahani, naye hakumwambia mtu, halafu siku moja akamkata mteja sikio, akamwomba radhi, akaning'iniza taulo lake msumarini, na hakurudi tena dukani mpaka alipotutoka, na mimi nilikuwepo, nililiona taulo lile likiwa bado na maji. Mshauri, naogopa. Wembe nimeuficha kabatini, wateja nawaambia siku hizi wembe unaharibu ngozi, nawapitishia mashine tu, na wengi wamekubali, ila kuna mwalimu mmoja mstaafu ambaye nimemnyoa ndevu kwa wembe miaka yote, na yeye mashine haitaki, akaniambia, "Kama wewe unasema wembe haufai, basi nasubiri mpaka ufae. Sinyolewi na mtu mwingine." Sasa ndevu zimemshuka mpaka kifungo cha pili cha shati, na mjukuu wake mdogo akimwona analia. Kinachonichanganya ni kwamba dukani chanuo likiniponyoka nalidaka kabla halijagusa sakafu, lakini nadhani hiyo ni bahati tu, au labda ugonjwa wenyewe unaanza saa za jioni.

Nyumbani nimeacha kucheza, nikitoka kazini nasingizia uchovu naingia chumbani, na mke wangu ameelewa vingine kabisa, maana juzi alinifuata jikoni akasema, "Kama mama amekuchosha niambie, nimpeleke kwa kaka. Lakini usimnunie mtu mzima." Nikajifanya naosha vikombe, na ukuta wa jiko letu hausitiri sauti. Asubuhi yake nikamkuta mama mkwe amefunga sanduku, anasema mguu umepona, anamsubiri tu kaka wa mke wangu aje na gari mwisho wa mwezi, na mguu haujapona, namwona anavyoushusha kigodani kwa mikono miwili. Pedi ameifunika kitambaa vizuri akaiweka juu ya kabati. Nampenda mama huyu, ila nikisema ukweli itabidi niseme na habari ya mikono, na nikiitaja naona kama ndiyo nitakuwa nimeikaribisha. Niache kazi kabla sijamkata mtu? Nimwambie mke wangu nini?

Ni mimi, Mkono Mzito.

*

Mkono Mzito,

Nimecheka, tena sikusubiri mwisho wa barua. Nilipofika kwenye taulo la baba yako nikaacha kucheka, na kwa hilo pole sana. Barua yako nimeivusha mbele ya nyingine kwa sababu mwisho wa mwezi umebisha hodi, na sitaki mama wa watu apandishwe gari na mguu mbovu kwa ajili ya rimoti.

Naam, rimoti. Barua ninazopata kuhusu mikono ya waume huwa ni za mkono wa birika, wa kwako ndio wa kwanza kuchelewa mpira. Lakini wewe mwenyewe umeniandikia dawa na hukuiona. Chanuo linaponyoka, unalidaka hewani. Kisha unaniambia labda ugonjwa unaanza jioni. Ugonjwa gani huo wenye saa za kazi? Mkono unaodaka chanuo mchana hauwezi kushindwa kubonyeza kitufe jioni ya siku hiyo hiyo. Kinachochelewa ni televisheni yako, na aliyeichelewesha ni wewe, siku ile ulipoona Mchezo na Michezo ukachagua mingi kwa sababu ni ya bure.

Nisikilize vizuri. Televisheni ya chogo ilikuwa haina makuu, ikipokea picha inaitoa papo hapo na chenga zake, zile nukta zinazorukaruka kwenye kioo. Hizi nyembamba zina madoido. Picha ikiingia, kwanza inaondolewa chenga, inalainishwa mwendo, inanolewa, inakolezwa rangi, ndipo unaonyeshwa. Wewe kinyozi utanielewa: ni kama umemaliza kumnyoa mtu, lakini humpi kioo mpaka umpake poda, umpake mafuta, umpitishie brashi shingoni na kumrekebisha kola. Kichwa kimekwisha zamani, mwenye kichwa hajakiona. Ndivyo unavyocheza. Unapoona beki anakuja, beki ameshafika. Unabonyeza vizuri kabisa, lakini unajibu habari iliyopitwa.

Sasa, Michezo kwenye orodha ile ni kwa ajili ya mtu anayetazama mechi inayorushwa kutoka uwanjani. Huyo habonyezi kitu, kazi yake ni kupiga kelele, kwa hiyo televisheni inajipodoa itakavyo na yeye hapotezi chochote. Mchezo, bila i, ndiyo hali ya mtu mwenye pedi mkononi. Hapo madoido mengi yanazimwa na picha inatoka haraka. Aliyetafsiri orodha ile hakutuonea huruma, nakubali, lakini na wewe ungejaribu zote mbili kabla ya kujiandikia ugonjwa.

Utauliza, mbona mama mkwe hachelewi, na televisheni ni hiyo hiyo? Mama mkwe hajawahi kucheza kwenye chogo. Amejifunzia hapo hapo, na mkono wake umezoea kubonyeza mapema, mpira ukiwa bado njiani. Wewe una mazoea ya miaka mingi ya televisheni iliyokuwa inakujibu mara moja. Mwenzio amejifunza tabia ya mwenye nyumba, wewe bado unaishi na marehemu wa chogo.

Fanya hivi. Washa mashine ya gemu kwanza, gemu ionekane kwenye kioo, ndipo uingie kwenye mipangilio, kwa sababu televisheni nyingi hukumbuka mpangilio wa kila tundu la waya peke yake. Ukibadilisha ukiwa kwenye taarifa ya habari, utakuwa umeirekebishia taarifa ya habari. Nenda kwenye picha, kisha hali ya picha, chagua Mchezo. Soma herufi ya pili mara mbili, nakufahamu sasa. Halafu tafuta kitu chochote chenye maneno kama kulainisha mwendo au kupunguza chenga, kama bado kimewashwa kizime. Na kama waya wa mashine umeupitisha kwenye spika au kisanduku kingine, utoe, uchomeke kwenye televisheni moja kwa moja. Rangi zitapauka kidogo na majani yako hayatakuwa yamemwagiliwa tena. Vumilia. Usiniulize haya nimeyajulia wapi. Mume wangu naye ana pedi, na mimi ndiye ninayemfunga.

Lakini usiguse hiyo rimoti kabla hujamwambia mama mkwe. Ukirekebisha kimyakimya, atajikuta anapiga mpira ambao haujafika, na wewe utamfunga mabao ya hila, mtu ambaye mguu wake uko juu ya kigoda. Mteremshie pedi kutoka kabatini, kaa kochini mwili wote, umwambie, "Mama, nilikuwa nakukwepa kwa sababu nilidhani naumwa. Sikuchoshwa na wewe." Maneno hayo hayazidi pumzi moja. Kisha badilisheni wote wawili, na umpe siku kadhaa azoee. Ukimfunga, usisimame. Akikufunga hata hapo, basi kubali tu kwamba mama anajua mpira.

Kabla ya hayo yote, mwambie mkeo, na hapa sasa nakugombeza bila utani. Una muuguzi ndani ya nyumba, mnakula naye meza moja, na hofu ya mikono yako umeipeleka gazetini. Yeye anadhani unamnunia mama yake. Mama yake anadhani amekuwa mzigo, na amefunga sanduku bila kumlaumu mtu. Wote wawili wamejaza wenyewe mahali ulipoacha wazi, kwa sababu ulikaa kimya. Unasema ukiutaja ugonjwa utakuwa umeukaribisha. Baba yako hakuutaja, na ulikuja hivyo hivyo, ukamkuta peke yake. Mweleze mkeo habari ya kikombe na kisahani na lile taulo, yote, hata kama sauti itakukatika. Mnyooshee mikono aitazame, na akisema nendeni hospitali, nenda, hata kama siku hiyo umeshinda mabao kumi. Mtu ambaye baba yake aliugua mikono hapimwi na gemu.

Na kazi usiache. Mkeo akishaitazama mikono na kukuambia iko salama, toa wembe kabatini, badilisha makali, tandika taulo safi, umwite mwalimu. Mzee huyo amekuamini mpaka kifungo cha pili. Usimfikishe cha tatu.