Pepo Aliyeninyang'anya Lugha

Jumamosi, Buguruni. Mawingu tangu asubuhi, na mvua hainyeshi, inatutazama tu. Na mie nimenuna vivyo hivyo.

Kesho ni shindano la ngoma, chama chetu na wale wa Temeke, na mie simo. Mie niliyeutunga mchezo wenyewe, na mfalme wake nilikuwa mie.

Nieleze vizuri, maana huenda siku moja akasoma hapa mtu mwenye akili. Mchezo wetu ni wa Wazama, watu wanaoishi chini ya bahari, wana mfalme, wana askari, hata bwana shauri wa kuwaamulia kesi wanaye. Wenzangu walitaka Wazama waseme Kiswahili. Nikawauliza, nyie mmeona wapi mtu akasema Kiswahili ndani ya maji? Si yatamjaa tumboni? Basi nikatunga Kizama, lugha ya kufumba mdomo, maneno yote yanapita puani. Salamu yao ni “ng'umm”. Neno la kiu hawana, wala la mwavuli, watalijulia wapi. Na kuzama kwao maana yake ni kurudi nyumbani. Hilo lilinijia naoga, nikajipongeza mwenyewe kwa kuwa hapakuwa na mtu mwingine.

Mie nimekomea darasa la nne. Wapo waliosoma zaidi wakawa makarani, suruali zao zimepigwa pasi, lakini sijasikia hata mmoja aliyetunga lugha. Nasema tu.

Kilichoniponza ni kupenda kazi safi. Nilitaka kuhakikisha Kizama kinasemeka majini kweli. Nikajaza karai uani, nikazamisha uso, nikaanza hotuba ya mfalme. Nilipoinua kichwa kuvuta pumzi, shangazi Tatu alikuwa amesimama mlangoni, ungo umemponyoka, mchele wote chini.

“Nani anasema?” akauliza taratibu.

“Mie, shangazi.”

“Mie nani?”

Hapa kwetu ukiulizwa “mie nani” kwa sauti ile, ujue huulizwi wewe. Anaulizwa pepo aliyekupanda kichwani. Nikacheka. Kicheko ndicho kilichonimaliza, maana pepo wa baharini, wanasema, wanapenda sana kucheka.

Shangazi akamkimbilia mama, nami nikamwapia mama kwamba lugha ni yangu. Nikamfafanulia neno moja moja. Kila nikifafanua ndivyo anavyozidi kulia, maana mtoto aliyeshindwa mtihani wa darasa la nne atatoa wapi lugha nzima? Nikamwita Salumu, mwenzangu wa chama, aje anitetee. Salumu ana sauti ya mbuzi aliyebanwa na mlango, na siku zote amelitamani taji la mfalme. Akamwangalia mama kwa huruma kubwa.

“Mama, sie tulidhani mchezo,” akasema. “Kumbe maneno yale yanamjia tu, na macho kayafumba.”

Taji akavikwa jioni ileile.

Jana alasiri nimepungwa pepo. Mwenye pepo anaitwa kiti, na kiti nilikuwa mie, nimefunikwa shuka jeupe, nafukizwa ubani mpaka machozi yananitoka. Fundi wa kupunga ni Bibi Mwanakombo, mtu mzima wa heshima zake, nikamwamkia shikamoo kutoka chini ya shuka.

“Marahaba,” akajibu, halafu akawageukia wanawake. “Mmesikia? Huyu katoka ukoo mzuri, ana adabu.”

Nikaona heri ninyamaze. Lakini ngoma ya pepo haiishi mpaka pepo aseme, na mama alikuwa amepiga magoti mbele yangu. Akauliza, “Mgeni, una nini na mwanangu?”

Nikasema. Kwa Kizama, kirefu, fasaha, sijapata kukisema vile. Nilisema: mama, hapa hakuna mgeni, ni mie. Shule ilinishinda, hili halikunishinda. Nitazame.

Ngoma zikanyamaza. Wanawake wote wakamgeukia Bibi Mwanakombo awafasirie.

“Anataka kuku mwekundu,” akasema, “na marashi. Na lugha yake isisikike tena nje ya nyumba hii. Ikisikika, atamchukua mtoto.”

Kuku alikuwa mtamu, sikatai.

Ila nimefungwa. Kiti, kwa kawaida, hakumbuki alichosema pepo. Nikisema nakumbuka, nimekuwa mwongo. Nikienda uwanjani nikasema Kizama, pepo kanirudia, na mama ataanza upya kulia. Leo nimemwona akitwanga huku anaimba. Sijamsikia akiimba tangu baba alipokwenda Tanga kwenye mkonge. Nikasimama pale nyuma ya mlango, nina hasira na sina pa kuipeleka. Nimkasirikie nani, mtu anayeimba?

Haya, sikia la jioni hii. Kaniletea chai, akakaa mkekani karibu yangu, akaanza kumsifu pepo wangu. Eti lugha yake tamu, inapanda na kushuka, mtu unaweza kuisikiliza mpaka usinzie.

“Mwanangu,” akasema, “wewe hata ungesoma mpaka ukawa mwalimu, usingeyaweza maneno kama yale.”

Nilitaka kupasuka.

Halafu akaniomba, kwa aibu kama mgeni anayeomba maji, tumwite kidogo tu. Si tumo ndani? Mlango si umefungwa? Nikaona basi, potelea mbali. Nikamsemea yaleyale ya jana, ni mie, mama, ila safari hii pole pole. Akaegemeza kidevu mkononi, akasikiliza mpaka neno la mwisho, hakunikatiza hata mara moja. Huyu mama hajawahi kunisikiliza hivyo kwa Kiswahili.

“Ahsante, mgeni,” akasema, akaokota kikombe, akatoka.

Kesho Salumu avae taji lake, abwabwaje atakavyo mbele ya watu wa Temeke. Mie nitabaki nyumbani, maana huenda mama akataka kusikia zaidi. Na nikitakiwa nitasema, najijua.

Lakini hii ni furaha, au ndiyo nimeanza kumwonea wivu pepo ambaye hayupo?