Fidelis Aliyefunga Mabao Hakuwa Mimi

Jumamosi. Joto la Nachingwea leo halina huruma, mvua yenyewe bado inajivuta. Nimetoka Ruangwa asubuhi kuja kukaa hapa kwenye duka la intaneti. Feni inazunguka tu, upepo haileti. Nyumbani nimeaga kwamba nafuata chaki za shule.

Chaki sijafuata.

Ofisini kwangu kuna cheti ukutani. Kinasema Fidelis ndiye mfungaji bora wa mashindano ya vyuo vya kanda, mwaka ule wa tisini na kitu tulipochukua kombe. Fidelis ni mimi. Lakini kwenye mashindano yale sikugusa mpira hata mara moja.

Sijawahi kuandika maneno hayo popote.

Ilikuwa hivi. Chuo chetu cha ualimu kilifungwa mechi ya kwanza, tena vibaya. Mwalimu wa michezo akaenda kijijini Mkotokuyana kwenye ndondo, mechi za mtaani, akamkuta kijana mkulima, Athumani, anapiga chenga watu watatu, tena peku. Akamtaka. Sasa Athumani si mwanachuo, kwa hiyo ilibidi acheze kwa jina la mwanachuo. Mwalimu akatafuta mtu wa kimo kile kile, rangi ile ile, na mpira hajui. Akaniita mimi. Picha ya kitambulisho changu ilikuwa imefifia, ikasaidia.

Sikulazimishwa. Niliona sifa.

Msimu mzima, kila siku ya mechi nilijifungia bwenini, maana Fidelis wawili wasingeweza kuonekana. Nimelala kitandani nasikia uwanja mzima unaimba jina langu. Athumani mwenyewe, Mwislamu safi, alikuwa anasoma dua kabla ya mechi, halafu akiitwa Fidelis anaitika. Nusu fainali akaumia kifundo cha mguu. Kesho yake wapinzani wakatuma watu chuoni kuhakikisha kama Fidelis ni mwanachuo kweli, ikabidi nifungwe bendeji, nichechemee mbele yao. Wenzangu walicheka mpaka machozi. Na mimi nilicheka.

Fainali alicheza na mguu ule ule mbovu, akafunga mawili. Tukawa mabingwa. Cheti kikaandikwa jina langu. Athumani akapewa jezi, akarudi shambani.

Cheti kile kimenibeba. Kila shule niliyopangiwa nilikabidhiwa michezo, na heshima ikaja nyuma yake.

Miaka ikapita. Nikahamishiwa shule moja huku Ruangwa kama mwalimu mkuu, nikamkuta Athumani kaoa huku huku, ana mikorosho yake na ufuta. Hakunisumbua kwa lolote. Alikuwa ananiita "wajina" tu. Watu hawajui kwa nini, sisi tunacheka.

Binti yake, Zainabu, yuko darasa la sita kwangu. Wiki iliyopita alileta madaftari ofisini, akasoma cheti, akaenda kumsimulia baba yake. Nadhani ndiyo mara ya kwanza Athumani kumwambia mtoto ukweli. Mtoto akaja nao shuleni. Wenzake wakamzomea: "Baba yako Athumani, huyo Fidelis alibatizwa lini?" Wakashikana mashati. Wakaletwa kwangu.

Zainabu hakulia. Aliniuliza mbele ya walimu wawili, "Mwalimu, si ni kweli baba alicheza?"

Ndiyo ni neno fupi.

Nikasema baba yake namfahamu, ni mtu mwema, ila wazazi wengine wanapenda kuwatania watoto. Halafu, na hapa vidole vinakuwa vizito, kesho yake nikamsimamisha mstarini aombe radhi kwa kusema uongo. Akaomba. Kwa sauti ya kusikika, kama tunavyowafundisha.

Alhamisi Athumani akaja ofisini. Nilijiandaa kwa ugomvi. Kiti hakukalia. Wajina hakuniita.

"Cheti kaa nacho, Mwalimu, mimi ningekitundika wapi," alisema. "Ila mtoto sasa hivi nikimwambia nimeshakula, anakwenda kumwuliza mama yake."

Akavaa kofia yake, akatoka.

Miaka yote nilijifariji kwamba yule bwana hakupoteza kitu. Alicheza, alifurahi, alirudi kwake. Kumbe alikuwa na kitu kimoja ambacho cheti hakikugusa, mwanawe kumwamini, na mimi nimekwenda kukichukua na hicho.

Jana nilimfuata shambani. Nilimkuta anaokota korosho na mkewe. Nikamwambia Jumatatu nitasema ukweli mstarini, mbele ya watoto na walimu wote, kwa hiyo aje asikie. Athumani aliendelea kuokota. Mkewe ndiye aliyenyanyua kichwa.

"Asikie nini, Mwalimu? Yeye si anajua kwamba alicheza? Zungumza na Zainabu."

Nikaaga, nikaondoka.

Naogopa, sitaficha. Walimu vijana watacheka. Watoto watanipa jina, na watoto wa huku wakikupa jina unazeeka nalo. Wenzangu wa chuo wakisoma hapa watakasirika. Wanisamehe au wasinisamehe.

Mstari ni saa moja na nusu. Nimejaribu kuyasema maneno hapa nilipo, kwa sauti ya chini. Nilipofika kwenye "Zainabu hakusema uongo, mimi ndiye niliyesema," nikakatiza, nikageuka kuona kama kuna aliyesikia. Njia ya kurudi Ruangwa ni ndefu, nitajaribu tena njiani.