Chumvi Aliyoagiza Mkuu

Iguguno, Alhamisi jioni. Upepo umevuma kutwa na mimi nimenuna kutwa.

Nimejaribu kusahihisha madaftari, nimeacha. Nimeweka ugali mezani, umepoa.

Nafundisha kemia hapa kwa kujitolea. Kikundi changu cha sayansi, wasichana wa kidato cha tatu, walikuwa wanaandaa onyesho la kupeleka kwenye maonyesho ya wilaya. Wazo lilikuwa lao. Wamechoka kuona mahindi ya nyumbani yanageuka manjano yakisubiri mbolea inayotoka mbali. Mbolea hiyo hutengenezwa kwa amonia, na amonia ni nitrojeni ya hewani iliyounganishwa na hidrojeni. Viwanda vingi huipata hidrojeni kwenye gesi asilia, na hewa ya ukaa inaachwa ipande angani. Wasichana wakauliza: kwa nini tusiitoe kwenye maji, kwa umeme wa jua au wa huu upepo unaotupeperushia mabati?

Maji yenyewe hapa ni ya shida. Hilo nalo waliliandika kwenye bango lao. Hawakulificha.

Leo mkuu wa shule alikuja kukagua. Rehema, kiongozi wa kikundi, aliunganisha sola ndogo na vijiti vya kaboni tulivyotoa kwenye betri za redio, akavitumbukiza kwenye maji yenye magadi kidogo. Mapovu yakapanda taratibu, kama tulivyotarajia.

"Madam, mapovu haya hata soda inayazidi!" mkuu akasema. Darasa likacheka. "Tieni chumvi. Chumvi inapitisha umeme."

Inapitisha, ni kweli. Ila ukipitisha umeme kwenye maji ya chumvi unapata na klorini, gesi ya sumu. Nilijua. Rehema alijua pia, kwa sababu nilimfundisha mimi. Akanitazama, kijiko mkononi.

Nikanyamaza.

Mkuu ni rika la baba yangu. Huku mtu wa umri wake humkosoi mbele ya wanafunzi, na mimi hata ajira sina. Nikajiambia ni kidogo tu, madirisha yako wazi.

"Ongeza, usiogope," mkuu akasema. Rehema akaongeza. Mapovu yakachemka, mkuu akafurahi, akainama kuyatazama kwa karibu. Harufu kali kama ya dawa ya choo ikamkuta puani. Alikohoa mpaka machozi yakamtoka.

"Hidrojeni yenu hii itaniulia watoto! Wilayani itakwenda sabuni wanayotengeneza kidato cha nne. Sabuni inaeleweka."

Hidrojeni haina hata harufu! Kazi yote ya wasichana wale imekufa kwa kosa ambalo si lao, na shule nzima sasa inaamini kuwa hidrojeni ndiyo iliyomkaba mkuu.

Tulipobaki wawili, Rehema alikuwa anasuuza vijiti.

"Madam, si ulisema tusitie chumvi?"

"Nilisema."

"Sasa mbona ulinyamaza?"

Nikachukua kitambaa nikafuta meza ambayo ilikuwa safi.

Nimemkasirikia mkuu kutwa, lakini nikiwa mkweli, ninajikasirikia zaidi mimi mwenyewe. Yeye hakujua.

Kesho nitaingia ofisini kwake kabla ya paredi. Shikamoo yake nitampa, na kukaa nitasubiri aniambie kaa. Halafu nitamwambia: ilikuwa chumvi, wewe uliiagiza, mimi nilikuacha. Nitaomba wasichana warudie mbele yake, kwa magadi peke yake.

Akiniondoa, aniondoe. Rehema ananidai jibu.